Mhusika Wangu Hakuzeeka, Mimi Nilizeeka

Kwa miaka mingi nimelipwa kuwa mwanamke asiyejifunza kitu. Mhusika wangu, ambaye watazamaji wanamjua kwa jina la Shangazi tu, alikuwa mbea, mwenye majivuno, mwoga wa kila kitu isipokuwa ugomvi, na kila wiki aliumbuka mbele ya familia nzima. Wiki iliyofuata alirudi mbea yule yule na majivuno yale yale. Ndivyo komedi ya televisheni inavyoishi. Tamthilia ndefu humsukuma mhusika mbele: anaolewa, anafilisika, anatubu, anakufa. Komedi humrudisha alipoanzia, ili mtu aliyekosa vipindi vya mwezi mzima awashe televisheni na amkute Shangazi anayemjua.

Anayemvaa ndiye habaki pale pale. Nilipoanza nilikuwa na magoti mazuri na mama mzima. Kipindi kilipofungwa nilikuwa nasoma skripti kwa miwani, na hakuna tena aliyekuwa na haki ya kuniita mtoto. Karibu yote niliyojifunza katika kazi hii yametoka hapo, katika kumbeba mwanamke asiyebadilika huku mimi nikibadilika chini yake.

Baada ya misimu kadhaa nilimfuata mwandishi wetu mkuu na hoja niliyokuwa nimeipika kwa muda. Nilimwambia kwamba watu wamemzoea Shangazi, basi safari hii atunze siri ya mtu, hata moja. Aonekane amekua. Alinisikiliza mpaka mwisho, akafunga daftari lake, akasema: "Dada, Shangazi akipata akili, sisi wote tunatafuta kazi nyingine."

Sikufurahi. Hata leo naona hoja yangu ilikuwa na uzito. Lakini jibu lake lilinilazimisha kutafuta mahali pengine pa kukuza uigizaji, na mahali hapo palikuwa ndani ya sababu. Mwanzoni niliigiza umbea wa Shangazi kama tabia tu, mdomo usiotulia. Baadaye nikaanza kuuigiza kama hofu: huyu ni mwanamke anayeamini kwamba siku atakayoingia chumbani bila habari mpya, hakuna atakayemwambia karibu. Maneno yalikuwa yale yale. Mwendo ulikuwa ule ule. Ila sasa alipokuwa akisema "Msinitaje, lakini nimesikia...", macho yake yalikuwa yanapita usoni kwa kila mtu kuona kama bado anatakiwa. Mhariri wetu ndiye wa kwanza kuligundua. Alisema amekuwa akiziacha picha za uso wangu ziende kidogo zaidi kabla ya kukata, naye hajui kwa nini. Hakuna mstari uliobadilishwa na hakuna mtazamaji aliyeandika kulalamika kwamba Shangazi amekuwa mwingine.

Niliingia kwenye televisheni nikiwa mtu mzima, kutoka jukwaani. Niliitwa kwa onyesho moja: dada wa baba mwenye nyumba anaingia, anatoa habari isiyomhusu, anatoka. Mistari michache. Kilichonibakiza ni mlango. Siku ya kurekodi mlango wa seti uligoma. Nilivuta kitasa, haukufunguka, na kwa kuwa nilikuwa nimetoka kwenye jukwaa ambako huwezi kumwomba mtu asimamishe, nikaanza kuugombeza mlango kwa sauti ya Shangazi, nikiudai heshima ya wifi. Mpiga kamera alicheka mpaka picha ikatetemeka. Teki ile, yaani picha iliyorekodiwa mara ile, haikutumika, lakini mwandishi aliinamia karatasi zake, na wiki iliyofuata nikaletewa skripti yenye mlango ulioandikwa makusudi kwa ajili yangu.

Kuhusu kuchelewa kuanza, nina watu wawili ninaopenda kuwataja kwa waigizaji wanaodhani umri wao umepita. Lucille Ball alikuwa na miaka 40 kipindi chake, I Love Lucy, kilipoanza kurushwa Marekani tarehe 15 Oktoba 1951. Shule ya uigizaji aliyosoma New York akiwa binti ilikuwa imemwandikia mama yake kwamba anapoteza pesa. Baada ya hapo alikaa Hollywood miaka mingi katika filamu ambazo watu wengi hawazikumbuki, na kilichomfungua hasa ni redio: kuanzia 1948 aliigiza komedi ya redio mbele ya hadhira, akasikia kwa masikio yake ni wapi watu wanacheka. Wa pili ni Estelle Getty. Miongo mizima ilikuwa imempita kwenye majukwaa madogo, naye akaingia The Golden Girls, komedi ya televisheni ya Marekani, mwaka 1985 akiwa na miaka 62, akimwigiza mama wa mhusika wa Bea Arthur. Bea Arthur alikuwa amemzidi Getty mwaka mmoja. Mtoto mkubwa kuliko mama! Wigi na vipodozi vilifanya sehemu yake, ila kilichotufanya tuamini ni jinsi Getty alivyomtazama yule mwanamke mrefu, kwa macho ya mtu aliyewahi kumwogesha. Na pamoja na hayo yote, kila siku ya kurekodi mbele ya hadhira ilimtia hofu kubwa. Umaarufu haukumwondolea hofu hiyo. Nalitaja hilo kwa sababu vijana wengi hudhani hofu ni dalili kwamba hufai.

Watu wakiniuliza kazi ya komedi ni nini, hutarajia niseme kuchekesha. Kazi yenyewe ni kurudia. Mwanzoni mwa wiki tunakaa mezani tunasoma. Mwandishi hacheki, anasikiliza tu, na pale ambapo hakuna aliyecheka anapiga mstari. Usiku anaandika upya. Kesho yake unapokea kurasa mpya na kusahau zile ulizokuwa umezishika. Kisha mnasimama sakafuni kupanga nani anasimama wapi, nani anashika nini anaposema neno gani. Jambo hili la mwisho watu hulidharau. Ukiweka kikombe chini kabla ya neno, kicheko kinakufa. Ukikiweka baada ya neno, kinafika. Nimemwona mwigizaji mwenzangu mwenye kipaji kikubwa akipoteza kicheko kizuri kwa sababu alifungua pochi mapema, na hakuamini mpaka alipoonyeshwa kwenye monita.

Kuna kanuni niliyofundishwa na mzee mmoja wa jukwaani, naye hakuwahi kuigiza televisheni hata siku moja: neno linalochekesha likae mwisho wa sentensi, na likishatoka, funga mdomo. Kiswahili kinakusaidia hapa ukikisikiliza, kwa sababu unaweza kulisogeza jambo mpaka mwisho bila sentensi kuvunjika. "Amerudi na mke mpya jana usiku" ni taarifa. "Jana usiku amerudi, na begi lake, na viatu vyake, na mke" ni komedi. Waandishi wachanga huongeza maneno baada ya hapo. Wanaogopa kwamba watu hawakuelewa. Walielewa.

Mwanzoni kipindi chetu kilirekodiwa mbele ya watu, kwa kamera tatu zinazopiga kwa wakati mmoja. Mtindo huo una historia. Kipindi cha Ball kilipoanza, njia ya kawaida ilikuwa kurusha moja kwa moja kutoka New York. Yeye na mumewe Desi Arnaz walitaka kubaki California na kupiga kwenye filamu halisi, mbele ya hadhira. Mpiga picha mzoefu, Karl Freund, akapanga taa zimulike seti nzima kwa usawa ili kamera zote zifanye kazi bila kusimama kila mara kurekebisha mwanga. Kwa mwigizaji maana yake ni hii: unaigiza onyesho zima kama jukwaani, watu wanacheka palepale, nawe unapaswa kujua cha kufanya wakati wanacheka.

Hiyo ndiyo sehemu ngumu kuliko kukariri. Ukisema mstari wako ndani ya kicheko, haukusikika. Ukingoja kicheko kiishe kabisa, hewa imepoa na mwenzako anabaki kama mtu aliyesahau maneno. Ni kama kuvuka barabara yenye magari: hungoji iwe tupu, unaingia pale yanapopungua. Na wakati unangoja huruhusiwi kusimama kama mtu anayengoja. Shangazi lazima awe na shughuli. Mimi nilijipatia kitambaa cha mkononi. Nikikikunja, ilimaanisha natengeneza nafasi. Nikikikung'uta, wenzangu walijua naingia. Hatukuwahi kukubaliana hivyo kwa maneno.

Baadaye bajeti ilipungua na hadhira ikaondolewa. Kicheko kikawa kinawekwa kwenye uhariri. Si jambo geni: fundi sauti wa Marekani, Charles Douglass, alitengeneza mashine ya vicheko vilivyorekodiwa tangu miaka ya 1950, na vipindi vingi vimeishi kwa mashine hiyo. Ila mwigizaji anayebaki studio bila watu anapata kazi mpya: kuacha nafasi kwa ajili ya kicheko ambacho bado hakipo. Mtu wa sauti haruhusiwi kucheka kwa sababu atasikika. Mpiga kamera anang'ata midomo. Nilijifunza kutazama mabega. Mabega ya mtu anayejizuia kucheka hayawezi kudanganya, na mpaka mwisho wa kipindi mabega ya yule kijana wa kamera ya pili ndiyo yaliyokuwa hadhira yangu.

Sasa niseme kuhusu shemeji. Aliyemwigiza shemeji yangu kwenye kipindi alikuwa mwanamume mkavu, mpole, asiyecheka kwenye seti wala nje ya seti. Karibu kila neno langu lililopata kicheko lilitanguliwa na swali lake. "Nani kakwambia?" "Saa ngapi?" "Wewe ulikuwepo?" Watazamaji hawakuwa wakitaja jina lake. Kwenye mabango alikuwa pembeni. Msimu mmoja aliugua, akawekwa mwigizaji mwingine, mchangamfu, mwenye mbwembwe, ambaye kila swali aliliuliza kwa namna ya kuchekesha. Wiki zile Shangazi hakuwa na mahali pa kukanyaga. Mtu anayeuliza kwa dhati ndiye anayeijenga komedi, kwa sababu yeye anaamini na mtazamaji anaamini pamoja naye, halafu wewe unakuja kuiharibu ile imani. Vivian Vance alilifanya hilo pembeni ya Lucille Ball kwa miaka, akiwa jirani yake Ethel, na mwaka 1954 akapewa Emmy, tuzo ya televisheni ya Marekani, ya mwigizaji msaidizi. Shemeji yetu aliporudi nilimwomba mwongozaji ampe mstari wa mwisho katika onyesho la kwanza. Aliusema bila kubadilisha uso hata kidogo. Kijana wa kamera ya pili alilazimika kutoka nje.

Kuna mambo ya mwili ambayo skripti haiyajui. Binti aliyemwigiza mpwa wangu alishika ujauzito, na mhusika wake alikuwa msichana wa sekondari. Ukawa msimu wa mikoba mikubwa. Alisimama nyuma ya makochi, alikumbatia mito, alibeba mafurushi ya nguo zisizofika kabatini. Mtindo huu unajulikana dunia nzima: Phylicia Rashad alipokuwa mjamzito katikati ya miaka ya 1980, The Cosby Show ilimweka kitandani na kumficha nyuma ya samani; Julia Louis-Dreyfus alifichwa nyuma ya vitu na mavazi katika Seinfeld. Njia ya pili ni ile ya Ball. Mwaka 1952 alipokuwa mjamzito, ujauzito wenyewe ukaingizwa kwenye hadithi, jambo lililoonekana la hatari katika televisheni ya wakati ule, na sehemu ya kuzaliwa kwa mtoto ikarushwa tarehe 19 Januari 1953, siku ile ile Ball alipojifungua mtoto wake wa kiume kwa upasuaji. Watu wapatao milioni 44 waliitazama. Kwetu njia ya pili haikuwezekana, maana mhusika alikuwa mwanafunzi. Lakini kilichonigusa ni kwamba hakuna aliyemuuliza binti yule anasimamaje saa zote hizo. Tukaanza kumwekea kiti sisi wenyewe, nje kidogo ya picha, na tukakubaliana kwamba yeyote atakayekaa juu yake atamlipa chai. Mwongozaji ndiye aliyelipa mara nyingi.

Kwangu mimi ilikuwa msiba. Mama alifariki katikati ya msimu. Nilipewa ruhusa, tukamzika, nikarudi. Skripti iliyokuwa inaningoja ilikuwa ya Shangazi anayejifanya mgonjwa mahututi ili ndugu wamhurumie: analala kitandani, anagawa mali asizonazo, anafumbua jicho moja kuona nani analia. Mtayarishaji alitaka kuibadilisha. Alikuwa mtu mwema na alikuwa tayari kuingia gharama. Nilimwambia aiache.

Nimeulizwa mara nyingi kwa nini, na jibu langu halijawahi kumridhisha mtu. Shangazi hakuwa amefiwa. Kwa saa zile nilizokuwa ndani yake, mama alikuwa hajafa, kwa sababu mwanamke yule hakumfahamu mama yangu. Ile hali ya kutobadilika niliyokuwa nimeigombea na mwandishi ndiyo iliyonipa mahali pa kupumzikia. Nikalala kwenye kile kitanda cha mbao na godoro jembamba, nikafumbua jicho moja pale panapotakiwa, nikagawa mashamba hewa kwa watu wote. Sikulia kwenye seti. Nililia kwenye gari la kurudi nyumbani, na dereva, bila kugeuka, akaongeza sauti ya redio. Adabu ile bado namshukuru nayo.

Ila sipendi mtu alichukue hili kama sheria. Mwenzetu mmoja alifiwa na mumewe na hakuweza kabisa; alikaa nje msimu mzima, na alifanya sawa. Wale wanaohubiri kwamba msanii wa kweli hupanda jukwaani hata maiti ikiwa ndani, mara nyingi ndio wenye tiketi za kuuza.

Sasa pesa, jambo ambalo wasanii wa komedi hulizungumza kwa utani mpaka wanapozeeka. Mkataba wangu wa kwanza ulikuwa na kurasa mbili. Ulieleza nitalipwa kiasi gani kwa kila sehemu, na kwamba nikichelewa nitakatwa. Haukusema lolote kuhusu marudio. Kipindi kimerudiwa, kimeuzwa kwa vituo vingine, kimekatwa vipande vipande vinavyosambaa kwenye simu za watu, na uso wangu unauza matangazo yanayotangulia vipande hivyo. Kwangu haingii hata senti. Hakuna aliyevunja mkataba. Karatasi ilikuwa kimya, na ukimya wa karatasi humfaidi aliyeiandika.

Ball na Arnaz walielewa mapema. Gharama za kupiga kwenye filamu zilipoonekana kubwa, walikubali kupunguziwa malipo yao, na wao wakabaki na umiliki wa picha zenyewe. Wakati ule hakuna aliyeona thamani ya kipindi kilichokwisha kurushwa. Kampuni yao, Desilu, ikakua mpaka ikanunua studio za RKO mwaka 1957. Walipoachana, Ball alinunua hisa za Arnaz mwaka 1962 akawa mwanamke wa kwanza kuongoza studio kubwa ya Hollywood, na mwaka 1967 akaiuza kwa dola milioni 17. Yule yule ambaye katika I Love Lucy alijaza mdomo wake chokoleti mbele ya mkanda wa kiwandani.

Wasiokuwa na uwezo wa kumiliki wana njia nyingine, nayo ni kuungana. Waigizaji sita wa Friends walianza kwa malipo tofauti, kisha wakaamua kujadiliana pamoja na kulipwa sawa. Katika misimu miwili ya mwisho, mpaka 2004, kila mmoja alipata dola milioni moja kwa sehemu moja. Anayesimama peke yake hutikisika. Valerie Harper aligombana na watayarishaji kuhusu malipo mwaka 1987 katika kipindi kilichobeba jina lake. Wakamwondoa, mhusika wake akauawa kwenye ajali, kipindi kikaendelea kwa jina jingine. Alikwenda mahakamani akashinda mwaka uliofuata, na hilo linanifurahisha kila nikilikumbuka, lakini kipindi hakikurudi kwake.

Kwa hiyo binti anaponiletea mkataba nimtazamie, siangalii kwanza kiasi. Naangalia marudio na mtandao: analipwa nini kipindi kikirushwa tena, na kwa muda gani? Naangalia kama uso wake na sauti yake vinaweza kuuza sabuni bila kumuuliza. Naangalia nani anamiliki jina la mhusika, kwa sababu kesho atataka kupanda jukwaani kwa jina hilo na ataambiwa si lake. Naangalia saa za kazi na usafiri wa usiku. Naangalia kama kuna mahali panaposema akishika ujauzito itakuwaje. Kiasi kinakuja mwisho. Na kama ana kalamu nzuri, namwambia aandike mwenyewe. Isabel Sanford wa The Jeffersons alikuwa mwanamke Mweusi wa kwanza kushinda Emmy ya mwigizaji mkuu wa komedi, mwaka 1981, akiwa na miaka 64. Wa pili, Quinta Brunson, alishinda Januari 2024 kwa kipindi alichokibuni mwenyewe. Zaidi ya miaka 40 ilipita kati yao.

Mtaani mimi ni Shangazi. Wazee wenye umri wa baba yangu wananiita shangazi. Nchini Kenya, Benson Wanjau aliigiza Mzee Ojwang katika komedi ya televisheni ya Vitimbi kwa miaka mingi, na alipofariki mwaka 2015 wengi walimlilia Ojwang. Mary Khavere, mkewe wa kwenye kipindi, kwa watu ni Mama Kayai. Sioni ubaya wowote katika hilo. Mtu akikupa jina la udugu amekuingiza nyumbani kwake. Kinachochosha ni pale anapodai umbea. Nimekaa kwenye benchi la hospitali nikingoja majibu ya vipimo, mama mmoja akanigusa bega: "Shangazi, tuchekeshe kidogo basi." Zamani ningejaribu. Siku hizi namuuliza yeye ana habari gani, na mara nyingi anazo, nzuri kuliko za waandishi wetu.

Gharama halisi ya jina hilo nilikutana nayo kipindi kilipofungwa. Tulijulishwa kwa simu, mmoja mmoja, na seti ikabomolewa kabla hatujaagana. Nikaanza kwenda kwenye usaili wa kazi nyingine. Waongozaji walinipokea kwa furaha, walipiga picha na mimi, kisha wakaniambia kwa upole kwamba nikiingia kwenye filamu nzito watu watacheka. Hawakuwa waongo. Betty White aliwahi kukwepa mtego huu kwa njia ya ajabu: alipoitwa kwenye The Golden Girls alifikiriwa kwa nafasi ya mwanamke mpenda wanaume, kwa sababu alikuwa ameshaigiza mtu wa namna hiyo katika kipindi kilichotangulia, na Rue McClanahan afanywe yule mpole asiyeelewa mambo. Mwongozaji Jay Sandrich akapendekeza wabadilishane. Wote wawili walishinda Emmy kwa nafasi hizo. Ila lazima awepo mtu wa kupendekeza.

Kwangu alikuwa mwongozaji kijana wa jukwaani, aliyenipa nafasi ya mjane katika mchezo usio na utani hata kidogo. Usiku wa kwanza niliingia nikiwa na nguo nyeusi, na ukumbi ukacheka kabla sijafungua mdomo. Wenzangu waliganda. Mimi nilijua cha kufanya, ndiyo kazi niliyokuwa nimeifanya maisha yangu yote: nilingoja. Nilikunja kitambaa. Kicheko kilipanda, kikafika juu, kikaanza kushuka, na hapa ndipo nilipofanya kinyume cha komedi. Sikuingia kilipopungua. Nilikiacha kiishe chote, nikaacha na ule muda usiostahimilika baada yake, ambao kwenye seti tungeuita ajali, mpaka watu wakaanza kujiweka sawa kwenye viti. Ndipo nikasema mstari wangu wa kwanza. Hakuna aliyecheka tena usiku ule, isipokuwa mahali pamoja katika sehemu ya pili, na hapo, nakiri, kicheko nilikitaka.

Majuzi nimepigiwa simu kuhusu komedi mpya ya televisheni. Wananitaka niwe bibi wa familia, mkarimu, mwenye hekima, anayetoa ushauri kila mwisho wa kipindi. Nimewaambia nina masharti mawili: kifungu cha marudio kiandikwe kwenye mkataba, na bibi apewe adui. La pili wamelikubali siku ile ile, na mwandishi ameshaniletea kurasa za jirani mmoja mwenye jogoo. La kwanza bado tunavutana.